Tununue Mahindi, Tusinunue Maji

Mwaka 2016, katika mikoa ya Dodoma na Manyara, watu walianza kufikishwa katika vituo vya afya wakiwa na macho ya manjano na matumbo yaliyojaa maji, huku wakitapika na kulalamikia maumivu. Wagonjwa 68 walihesabiwa, na 20 kati yao wakafariki dunia. Uchunguzi ulionyesha kwamba hawakuambukizwa ugonjwa na mtu wala mnyama. Walidhuriwa na mahindi waliyokula, yaliyokuwa yameingiwa na sumu itokanayo na kuvu. Wala haikuwa mara ya kwanza katika Afrika Mashariki. Huko Machakos nchini Kenya watu 12 walikufa kwa sumu hiyo mwaka 1981, na mwaka 2004 wilaya kadhaa za mashariki ya nchi hiyo zilipata wagonjwa 317, ambao 125 kati yao walipoteza maisha.

Msomaji akaaye Kimara aweza kudhani kwamba hayo ni mambo ya wakulima wa mbali. Lakini Kimara iko kando ya Barabara ya Morogoro, njia ileile ipitishayo mahindi ya bara kuja Dar es Salaam, yakiwamo yauzwayo katika soko kubwa la Kibaigwa wilayani Kongwa. Sisi tukaao pembezoni mwa jiji twaweza kupanda mistari michache ya mahindi uani wakati wa masika, lakini unga wetu wa mwaka mzima watoka katika magunia hayo. Gunia halibadiliki tabia kwa sababu limevuka Mto Ruvu. Hoja yangu katika makala haya ni kwamba sisi wanunuzi wa mjini ni sehemu ya ugonjwa huu, kwa kuwa twamlipa vizuri zaidi yule auzaye mahindi mabichi kuliko yule aliyeyakausha.

Kwanza tumfahamu adui. Kuvu inayotoa sumu hii huitwa kitaalamu Aspergillus flavus. Huishi udongoni ikila mabaki ya mimea, na mbegu zake, ambazo ni ndogo mno, huchukuliwa na upepo na wadudu. Yaweza kulivamia hindi likiwa bado shambani, hasa panapokuwa na ukame na joto kali, au wadudu wanapotoboa punje. Baada ya mavuno huendelea kustawi ghalani ikipata vitu viwili: joto na unyevu. Joto hatuna uwezo wa kuliondoa katika nchi yetu. Unyevu tunao uwezo. Punje zenye unyevu usiozidi asilimia 13 hivi huinyima kuvu maji ya kuishi. Fukusi na dumuzi huongeza taabu, kwani hutoboa punje na pumzi zao huongeza joto na unyevu ndani ya gunia. Dumuzi, aliyetokea Amerika ya Kati, aligunduliwa mkoani Tabora mwanzoni mwa miaka ya 1980, na tangu hapo hajatuacha.

Sumu yenyewe huitwa aflatoksini, nayo ni mojawapo ya zile tuziitazo sumukuvu. Ilitambuliwa baada ya bata mzinga zaidi ya 100,000 kufa nchini Uingereza mwaka 1960 kwa kulishwa mashudu ya karanga yaliyokuwa na kuvu. Haionekani kwa macho katika unga, wala haiondoki kwa kupika: maji huchemka kwenye nyuzi 100 za Sentigredi, na aflatoksini huhitaji joto linalozidi nyuzi 200 ili ivunjike. Ikiliwa kwa wingi huua ini kwa siku chache. Ikiliwa kidogo kidogo kwa miaka mingi huleta saratani ya ini, na hatari hiyo huzidi sana kwa mtu mwenye homa ya ini ya aina ya B. Kiwango cha juu kinachokubaliwa katika nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki ni mikrogramu 10 katika kilo moja ya mahindi. Mwanafunzi na akokotoe: gunia zima la kilo 100 haliruhusiwi kubeba zaidi ya miligramu moja ya sumu hiyo, uzito wa punje chache tu za chumvi ya mezani.

Sasa tuingie sokoni. Chukulia mkulima ana kilo 100 za mahindi yenye unyevu wa asilimia 18. Ndani yake mna kilo 82 za chakula na kilo 18 za maji. Akiyaanika mpaka yafikie asilimia 13, chakula hubaki kilo 82 zilezile, lakini uzito wote hushuka kufikia kilo 94 na robo. Amefanya kazi ya siku kadhaa, ametafuta turubai, amekimbizana na mvua na kuku, na malipo yake ni kupungukiwa takriban kilo 6. Jirani yake aliyeuza mahindi mabichi siku ileile ya kupukuchua amelipwa maji kwa bei ya mahindi. Ikiwa kilo ni shilingi 1,000, yule mkaushaji angepaswa kulipwa kama shilingi 1,061 kwa kilo ili asipate hasara, na hapo hatujahesabu jasho lake. Nani amlipaye hivyo? Twamhubiria mkulima akaushe, kisha twamtoza faini akikausha.

Wapo watakaosema kwamba kulipa zaidi kwa mahindi makavu ni kumwumiza mwananchi wa kipato cha chini. Nasema sivyo. Yule anunuaye mahindi mabichi hajapunguziwa bei, amepunguziwa chakula. Kilo 94 na robo za mahindi makavu zina unga uleule uliomo katika kilo 100 za mahindi mabichi, na zaidi ya hayo zaweza kuwekwa bila kuvunda. Wengine watasema kwamba kupima unyevu ni mambo ya mataifa tajiri. Ni kweli kwamba Marekani mahindi hupimwa unyevu kabla ya mkulima kulipwa, na yaliyozidi kiwango hupunguziwa bei. Lakini tuna mfano wa karibu zaidi. Tarehe 5 Machi 2021 Kenya ilizuia mahindi ya Tanzania na Uganda kwa sababu ya sumukuvu, na siku chache baadaye ikayaruhusu kwa masharti, likiwamo la kuwa na cheti kinachoonyesha kwamba sumu haizidi kiwango. Mnunuzi wa ng'ambo ya mpaka alidai kipimo. Mnunuzi wa Kimara ana ini la aina gani hata asidai?

Mashine za kupima unyevu zipo, na kila soko la jumla lingestahili kuwa nayo kando ya mizani. Wakati tukiingoja, ipo njia ambayo shule yoyote yaweza kuitumia. Chukua chupa ya kioo iliyo safi na kavu, yenye mfuniko. Tia mahindi mpaka theluthi moja, ongeza vijiko viwili au vitatu vya chumvi iliyokaushwa vizuri, funga, tikisa kwa dakika moja, kisha acha itulie kwa robo saa. Chumvi ikiganda kwenye kuta za chupa, unyevu umezidi asilimia 15 na mahindi hayo hayafai kuhifadhiwa. Isipoganda, unyevu uko chini ya hapo, ingawa yaweza kuhitajika kuyaanika zaidi ili kufikia 13.

Hapana budi kusema wazi mipaka ya jaribio hili. Chumvi hupima maji, haipimi sumu. Mahindi yaliyoingiwa na sumu shambani yakakaushwa baadaye yatafaulu jaribio huku yakiwa hayafai kuliwa. Sumu yenyewe hupimwa maabara, tena kwa sampuli iliyochotwa sehemu nyingi za gunia, maana punje chache zaweza kulichafua lote. Kwa hiyo kuchambua na kuondoa punje zilizobadilika rangi, kutoboka au kusinyaa kungali na maana. Punje hizo zisitupiwe kuku wala ng'ombe, kwani sehemu ya sumu humrudia mtu katika maziwa. Vilevile, kukoboa hupunguza sumu katika sembe, lakini huihamishia kwenye pumba, nazo ndizo tulishazo mifugo. Huko shambani ipo silaha nyingine: aina za kuvu hiyohiyo zisizotoa sumu, ambazo hutawanywa kabla ya mahindi kuchanua ili zichukue nafasi ya zile zenye sumu. Dawa ya namna hiyo, Aflasafe, ilisajiliwa hapa nchini mwaka 2018. Yote hayo ni mema, lakini yatazaa matunda haba iwapo soko litaendelea kumwadhibu mwenye mahindi makavu.

Namalizia kwa shule zetu, kwa kuwa shule nyingi za sekondari hupika uji na ugali kila siku, nazo ni wanunuzi wakubwa. Mwalimu wa Biolojia ana somo la kuvu, mwalimu wa Kemia ana somo la vipimo, mwalimu wa Hisabati ana asilimia. Na stoo ya shule ina magunia. Napendekeza kwamba kila shigo wa mahindi upokelewe mbele ya wanafunzi wenye chupa ya chumvi, na kwamba mkataba wa mzabuni utaje kiwango cha unyevu na bei nzuri kwa atakayekitimiza. Atakayeleta maji ayarudishe alikoyatoa. Shule kumi zikifanya hivyo katika wilaya moja, habari zitafika Kibaigwa haraka kuliko hotuba yoyote.