HESABU ZA NYUMBANI: Lita Moja Yafika Wapi?



Jumuiya ikichanga fedha za mafuta ili mgonjwa apelekwe Hospitali ya Rubya, mara nyingi manung'uniko huanza gari likisharudi. Mmoja asema, "Dereva ametula." Mwingine asema, "La, mafuta ni ghali." Lakini hakuna aliyeshika kalamu. Juma hili tuishike, wazazi na watoto pamoja.

Kanuni ni moja: kwanza tafuta kazi ya lita moja. Jaza tangi mpaka juu, uandike namba ya kilomita iliyo mbele ya dereva. Gari likiisha kwenda, jaza tena mpaka pale pale, uandike namba ya pili. Lita ulizoongeza ndizo zilizotumika. Tuseme gari limekwenda kilomita 72, likaongezwa lita 8. Gawanya 72 kwa 8, wapata 9. Basi lita moja yaenda kilomita 9.

Sasa tuseme kutoka kijijini kwenu hadi Rubya ni kilomita 54. Msisahau kurudi! Jumla ni 108. Gawanya kwa 9: lita 12. Kama lita moja ni shilingi 3,000, gharama ni shilingi 36,000. Nyumba 18 zikichanga sawasawa, kila nyumba yatoa shilingi 2,000.

Haya, dereva aleta hesabu ya lita 13 na nusu. Je, ni mwizi? Ngojeni kwanza. Gawanyeni 108 kwa 13.5, mtapata 8. Maana yake safari hii lita moja imekwenda kilomita 8 tu. Kile kipimo cha 9 kilipatikana wapi? Kama ni katika lami ya kati ya Bukoba na Muleba, gari likiwa tupu, hakifai kupimia gari lililopakia watu na mikungu ya ndizi, likapanda vilima kama vya Kamachumu au kuhangaika katika tope la masika. Mzigo, mlima na tope, vyote hunywa mafuta. Lakini kama njia ni ile ile na mzigo ni ule ule, hapo ni haki kumwuliza kwa upole: lita moja na nusu, yaani shilingi 4,500, imekwenda wapi?

Amri ya saba yamkataza dereva kuiba. Amri ya nane yatukataza sisi kumsingizia. Hesabu ndogo ya kugawanya yatusaidia kuzishika zote mbili.

Zoezi la watoto: Pikipiki yaenda kilomita 90 kwa lita 2. Safari ya kilomita 135 yataka lita ngapi? Anayejibu 3 amwonyeshe baba au mama njia aliyopita.