Mapitio ya Hukumu ya Mwisho Si Rufaa ya Pili

Hapa Kintinku, kama kwingineko wilayani Manyoni, mgogoro wa shamba waweza kurithishwa watoto pamoja na shamba lenyewe. Shauri lisilosuluhishwa katani hupanda hadi Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, kisha Mahakama Kuu, na hukoma Mahakama ya Rufani. Aliyeshindwa huko huambiwa: bado kuna mapitio. Je, auze ng'ombe wake wa mwisho?

Tuielewe sheria. Kanuni ya 66 ya Kanuni za Mahakama ya Rufani za mwaka 2009 inaruhusu mapitio kwa sababu tano tu: kosa la wazi katika kumbukumbu lililopotosha haki, mhusika kunyimwa nafasi ya kusikilizwa, uamuzi kuwa batili, Mahakama kukosa mamlaka, au hukumu kupatikana isivyo halali, kwa udanganyifu au kwa ushahidi wa uongo. Maombi huwasilishwa ndani ya siku 60, na yakishaamuliwa hayarudiwi. Kutoridhika peke yake si sababu.

Mlango huo ni mwembamba kwa sababu njema: mjane aliyeshinda naye anastahili kulima kwa amani. Lakini haukufungwa kabisa, maana uongo haugeuki kuwa kweli kwa kugongwa muhuri. Hapo sheria inakutana na amri ya nane. Wengi wetu hatutafika Mahakama ya Rufani. Tutaitwa kuushuhudia mpaka wa jirani. Tukisema kweli siku hiyo ya kwanza, huenda shauri likaishia papo hapo kijijini.