Mali bila Daftari

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Mali ya mtumishi wa umma ni miaka yake ya kazi, lakini daftari la mali hiyo hakai nalo yeye. Liko masijala kwa mwajiri: barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini, za uhamisho na za kupandishwa cheo. Siku ya kustaafu jalada lisipoonekana, mstaafu ndiye anayeambiwa akalete uthibitisho. Toleo hili lina hoja moja: aliyekabidhiwa kumbukumbu ndiye abebe mzigo wa kuzithibitisha.

Kwa miaka kadhaa mjadala wa mafao nchini Tanzania umetawaliwa na kikokotoo, yaani kanuni ya kukokotoa pensheni na mkupuo anaopewa mstaafu. Haukuwa mjadala wa bure. Mwaka 2018 mifuko ya pensheni ya PSPF, LAPF, PPF na GEPF iliunganishwa na kuwa PSSSF, na kanuni zilizofuata zikataka mkupuo uwe asilimia 25 ya mafao. Malalamiko yalikuwa makubwa hata Rais John Magufuli akazisimamisha Desemba mwaka huohuo. Julai 2022 kikaja kikokotoo cha asilimia 33. Hata hivyo, asilimia yoyote itakayopangwa, hesabu huanzia kwenye mambo mawili: miezi ya utumishi na mshahara. Yote mawili yamo ndani ya jalada.

Tuchukue mtumishi ambaye wastani wa mshahara wake wa kukokotolea ni shilingi milioni 12 kwa mwaka. Kila mwezi wa utumishi humpa sehemu moja ya 580 ya kiasi hicho. Miezi 36 ikikosa ushahidi, pensheni yake ya mwaka hupungua kwa takribani shilingi 745,000, kabla ya kutenga mkupuo. Pengo hilo litamfuata mpaka kaburini, na vilevile litapunguza mkupuo wake. Barua moja ya uhamisho iliyopotea inaweza kufanya yote hayo.

Walio hatarini zaidi ni walioajiriwa na Serikali Kuu kabla ya Julai 1999. Wakati huo hawakuwa wakichangia, na pensheni ilitoka Hazina moja kwa moja. Serikali yenyewe imekiri uzito wa kipindi hicho: mwaka 2021 ilitoa hati fungani maalumu ya shilingi trilioni 2.17 kuulipa mfuko wa PSSSF deni la watumishi hao. Lakini kwa mtumishi mmoja mmoja, miaka hiyo haina taarifa ya michango ya kuonyesha. Ushahidi wake ni karatasi, na karatasi hizo ziko kwa mwajiri.

Tunajua madai yakichelewa huishia wapi. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika mwaka 1977, na mapatano ya kugawana mali na madeni yakatiwa saini mwaka 1984. Wafanyakazi wake wa Tanzania walifungua kesi Mahakama Kuu mwaka 2003, wakafikia makubaliano na Serikali mwaka 2005, na bado ubishi wa nani kalipwa na nani hajalipwa ukaendelea. Wenzao wa Kenya walipofika katika Mahakama ya Afrika Mashariki, Arusha, waliambiwa kwamba Mkataba wa Jumuiya mpya, ulioanza kutumika Julai 2000, haurudi nyuma kuyafikia madai yao. Wengi walizikwa huku mafaili yakiwa bado mezani.

Kanuni tunayoidai si ngeni. Kifungu cha 15 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 kinasema kwamba mwajiri akishindwa kuleta maelezo ya maandishi ya ajira mbele ya chombo cha sheria, mzigo wa kuthibitisha au kukanusha sharti linalodaiwa ni wake. Tatizo ni umbali kati ya kifungu hicho na dirisha la afisa utumishi. Marekebisho ya mwaka 2016 ya Sheria ya Utumishi wa Umma yalimtaka mtumishi amalize kwanza njia za ndani za utumishi kabla ya kutumia sheria za kazi. Kuishtaki Serikali kunahitaji notisi ya siku 90. Mzee wa miaka 60 asiye na mshahara atamudu wapi safari hiyo yote kwa ajili ya barua ambayo hakuipoteza yeye?

Wapo watakaosema tukilegeza, wadanganyifu watapenya, nao wana sababu. Uhakiki wa vyeti wa mwaka 2017 uliwabaini watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi. Lakini uhakiki huo ulifanyika watu wakiwa kazini, nchi nzima, na Serikali, iliyo mwajiri, ndiyo iliyouendesha. Hapo ndipo mahali pake. Anayekaguliwa kila mwaka hana sababu ya kushukiwa siku ya mwisho.

Tunapendekeza mambo matatu. Kwanza, kila mwaka mwajiri ampe mtumishi taarifa ya utumishi wake, ikiwa na tarehe ya kuzaliwa, ya kuajiriwa, vyeo, mshahara na michango, na wote wawili waitie saini. Pili, jalada likipotea mikononi mwa mwajiri, nakala za mtumishi na hati zake za mshahara zikubaliwe mpaka mwajiri athibitishe vinginevyo. Tatu, miezi isiyobishaniwa ilipwe kwanza, na shauri liendelee kwa ile iliyobaki.

Bunge linaweza kuyaandika haya katika sheria bila kuigusa asilimia yoyote ya kikokotoo. Nawe msomaji uliye kazini, usingoje barua ya kustaafu. Mwaka huu omba taarifa yako ya michango, nenda kaombe kuona jalada lako, na kila pengo utakalolikuta lidai kwa maandishi ukingali na mwajiri wa kukujibu.