Pesa ikitoka kwenye kadi bila sisi kujua, benki ndiyo itueleze



Mhariri, nina lalamiko ambalo najua si langu peke yangu. Siku hizi wafanyabiashara wengi wa Butembo na Beni tunatumia kadi za benki. Anayefuata mzigo Kampala, Dubai au Guangzhou hataki tena kufunga dola kiunoni, hasa kwa barabara zetu hizi tunazozijua. Benki zenyewe zilituhimiza, zikasema kadi ni usalama, nasi tukakubali. Sasa tunaziuliza: pesa ikitoka kwenye kadi bila mwenye kadi kujua, ni nani wa kumweleza?

Hivi karibuni niliomba rileve ya konti yangu. Katikati ya malipo ninayoyafahamu, hoteli ya Kampala na vitenge nilivyonunua huko, nikakuta mstari nisioutambua: tarehe, msururu wa herufi kubwa zilizokatwakatwa, jina la mji wa Ulaya ambao sijawahi kuukanyaga, kisha dola 49,99. Chini yake palikuwa na mstari mwingine mdogo, gharama ya benki kwa kushughulikia malipo hayohayo ya nje. Rileve ya mwezi uliotangulia nayo ilikuwa na mistari hiyo miwili.

Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na mimi daftari ninalo. Nililinganisha tarehe, nikijua kwamba siku ya kununua na siku ya benki kukata zinaweza kupishana. Niliangalia kama ni dhamana ya hoteli, kwa sababu hoteli huzuia kiasi fulani kwenye kadi na kukiachia baadaye. Nilichunguza kama kuna duka linalopokea pesa kwa jina la kampuni nyingine, maana jambo hilo ni la kawaida. Niliwauliza watoto nyumbani kama kuna aliyejiandikisha kwenye huduma ya simu ya kujaribu bure, zile ambazo muda wa bure ukiisha huanza kukata kila mwezi. Hakuna kilicholingana. Ndipo nikaenda benki.

Kijana wa gisheni aliweka kidole kwenye ule mstari, akasema, “Mama, hii si yetu, imetoka nje.” Nikamuuliza, “Mwanangu, kadi hii nilipewa na nani?” Akanipeleka kwa mkubwa wake. Yule mkubwa, kabla hata hajafungua kompyuta, akasema bila shaka ni mimi niliyewapa watu namba ya kadi. Nikaambiwa niandike barua kwa Kifaransa, dosye iende Kinshasa, nisubiri. Niliomba nigongewe muhuri kwenye nakala yangu, ionekane kwamba barua imepokelewa na ni tarehe gani. Wakakataa, wakidai si utaratibu wao. Niliomba kadi ifungwe palepale, nikaambiwa nipige simu Kinshasa. Simu hiyo inakula inite huku ukisikilizishwa muziki, na anayekuja kupokea anataka Kifaransa au Lingala.

Mhariri, hapa ndipo penye uchungu wangu. Mteja wa kadi hakuachwa bila njia. Kanuni za Visa na Mastercard zinaruhusu malipo kupingwa: benki iliyotoa kadi inaiuliza benki ya muuzaji, muuzaji anatakiwa aonyeshe ushahidi kwamba mteja alinunua, na akishindwa pesa inarudi. Lakini mteja hawezi kupeleka pingamizi hilo mwenyewe. Lazima lipitie benki yake, na lina muda, mara nyingi siku 120. Siku hizo zinahesabika, dosye iwe inatembea au imelala kwenye meza ya mtu. Benki ikikataa kugonga muhuri, leo ninanyimwa tarehe yangu, na kesho nitaambiwa nimechelewa bila kuwa na karatasi ya kujitetea.

Kuchelewa kufunga kadi nako ni hatari. Wezi wa kadi wana desturi ya kujaribu kwanza kiasi kidogo, dola 1 au 2, waone kama kuna mtu atashtuka. Wakiona kimya, wanarudi na kiasi kikubwa. Kila siku ambayo kadi inabaki wazi baada ya mwenyewe kulalamika, benki ndiyo ingepaswa kubeba hasara ya siku hiyo.

Kwetu huku jambo hili ni zito zaidi. Goma ilipoangukia mikononi mwa waasi wa M23 mwishoni mwa Januari 2025, benki za kule zilifunga milango, na serikali ya jimbo ikahamia Beni. Mteja wa Butembo ambaye zamani angepanda gari kufuata dosye yake Goma, leo hana pa kwenda. Na hata kutoka Butembo hadi Beni, kilomita kama 54 tu, mtu hufikiri mara mbili kabla ya kusafiri. Kama serikali imeweza kuleta ofisi zake Beni, benki zinashindwaje kuweka hapa mtu mmoja mwenye mamlaka ya kupokea lalamiko na kulishughulikia?

Tusiambiwe kwamba makato haya ni madogo. Tuliambiwa hivyo kuhusu RAM, yale makato ya kusajili simu za mkononi. Mwaka 2020 tulianza kuona inite zetu zikikatwa: simu ya 2G dola 1 kwa mwaka, ya 3G au 4G dola 7, kidogo kidogo, watu wengi wasijue pesa inakwenda wapi. Raia walilalamika, vijana wa vuguvugu la LUCHA wakapaza sauti, wabunge wakambana waziri mhusika Oktoba 2021, na mwanzoni mwa 2022 makato yale yakaondolewa. Kila aliyekatwa alikatwa kidogo, lakini kwa nchi nzima yalikuwa mamilioni ya dola. Tulijifunza kwamba pesa isiyoelezwa inadaiwa maelezo, hata ikiwa dola moja.

Sheria pia zipo. Tuna sheria ya tarehe 9 Julai 2018 kuhusu mifumo ya malipo, na ile ya tarehe 27 Desemba 2022 kuhusu kazi za benki na usimamizi wake. Msimamizi ni Benki Kuu ya Congo. Majirani zetu wa Uganda, tunaovuka Kasindi kwenda kufanya biashara nao, wana mwongozo wa Benki Kuu yao wa kumlinda mteja tangu 2011. Marekani, tangu 1974, mteja wa kadi ya mkopo ana siku 60 za kuandika pingamizi, na benki lazima imthibitishie ndani ya siku 30 kwamba imelipokea. Muhuri ninaoulilia mimi, kwingine ni haki iliyoandikwa.

Basi naziomba benki zenye matawi Butembo na Beni mambo haya. Kwanza, kila lalamiko lipokelewe kwa maandishi na mteja apewe nakala yenye muhuri na tarehe. Pili, kadi ifungwe hapohapo gisheni, mwenyewe akiomba. Tatu, fomu ya malalamiko iwepo kwa Kiswahili. Ibara ya kwanza ya Katiba inakitaja kuwa lugha ya taifa, na wateja wengi wa masoko yetu ndicho wanachokisoma. Nne, benki itaje siku ambayo itatoa jibu, na ndiyo itafute ushahidi wa malipo badala ya kumtaka mteja athibitishe kitu ambacho hakukifanya. Benki Kuu nayo itangaze huku, redioni na sokoni, mahali pa kulalamikia benki isiyosikia.

Kwenu wateja wenzangu: ombeni rileve kila mwezi, isomeni mstari kwa mstari, na msidharau kiasi kidogo. Mkiona msichokijua, andikeni siku hiyohiyo, mtaje tarehe, kiasi na jina lililoandikwa, na mbaki na nakala. Wakikataa muhuri, nendeni na shahidi.

Sijaitaja benki yangu kwa jina, kwa sababu nimeongea na wenzangu wa benki nyingine, nao wanasimulia yaleyale. Namwomba kila mkuu wa tawi atakayesoma barua hii ajibu katika gazeti hilihili swali moja tu: mteja akija kesho asubuhi na mstari asioujua, atapokelewa na nani, na atajibiwa lini?

Wako,
Mfanyabiashara wa vitenge,
Komini ya Kimemi, Butembo