Meli ya Utafiti, Utafiti wa Nani?

Rafiki yangu mmoja, mwalimu mstaafu ambaye nimekaa naye barazani miaka mingi, ana tabia ya kuja na kitabu kila anapotaka kunishinda kwa hoja. Safari hii alikuja na picha ya Titanic ikiwa imelala chini ya bahari. "Haya, mzee mwenzangu," akasema, "wewe unayewalaani wanajeshi kila siku, meli iliyoigundua hii ilikuwa ya nani?"

Hapo alinipata. Meli ile, Knorr, ilikuwa mali ya Jeshi la Wanamaji la Marekani, ingawa iliendeshwa na taasisi ya utafiti ya Woods Hole. Mwaka 1977 watu wa Knorr walikuta karibu na visiwa vya Galápagos chemchemi za maji moto, kiasi cha mita 2,500 chini, na viumbe wanaoishi huko pasipo mwanga wa jua. Elimu hiyo ni ya kweli, wala siibezi. Lakini mwalimu alikuwa amesoma nusu ya hadithi. Robert Ballard, mmoja wa viongozi wa safari ya 1985, alieleza waziwazi mwaka 2008 kwamba jeshi lilimgharimia ili kwanza achunguze mabaki ya nyambizi mbili za nyuklia, Thresher na Scorpion, zilizozama mwaka 1963 na 1968. Titanic ilitafutwa kwa siku zilizobaki. Ulimwengu ukaonyeshwa Titanic. Habari ya nyambizi ikafungiwa kabatini miaka zaidi ya 20.

Ninachokipinga ni hicho. Jeshi kuwa na meli si ajabu. Ubaya ni kuivika kazi ya silaha joho la elimu.

Chukua Norton Sound. Ilitengenezwa wakati wa Vita Kuu ya Pili kuhudumia ndege zinazotua majini, na mwaka 1948 ikageuzwa kuwa meli ya kujaribia makombora. Kwenye orodha ya jeshi ilikuwa meli saidizi tu, jina la upole kama la mpishi wa kambini. Mwaka 1958 ilipelekwa na wenzake kusini mwa Atlantiki, kiasi cha kilomita 1,800 kusini-magharibi ya Cape Town. Tarehe 27 na 30 Agosti, na tena 6 Septemba, ilirusha makombora yenye mabomu ya nyuklia, yakalipuka mamia ya kilomita juu ya dunia. Mwanafizikia Nicholas Christofilos alikuwa amedai kwamba elektroni za mlipuko zingenaswa na usumaku wa dunia na kuwa ngao ya kuharibu makombora ya adui. Elektroni zilinaswa kweli, lakini ngao ya maana haikupatikana.

Sasa, msomaji wangu, tazama tarehe. Aprili mwaka huohuo mataifa manane huru ya Afrika yalikutana Accra, yakayataka mataifa makubwa yasimamishe majaribio ya nyuklia. Tarehe 22 Agosti Rais Eisenhower akatangaza kuwa yuko tayari kuyasimamisha kwa mwaka mmoja, kuanzia 31 Oktoba. Siku tano baadaye bomu la kwanza likapaa kutoka Norton Sound, kwa siri. Siri ilivuja Machi 1959 katika gazeti la New York Times, na hapo ndipo jambo lile lilipoanza kusifiwa kuwa jaribio kubwa la kisayansi. Sirini lilikuwa silaha. Lilipofichuka likawa sayansi!

Nitaambiwa kwamba jina halimwui mtu. La hasha! Pueblo ilikuwa meli kuukuu ya mizigo iliyotiwa mitambo ya kunasa mawasiliano, ikaelezwa kuwa inapima bahari. Na kweli walikuwamo wataalamu wawili wa bahari, raia, wakichota maji na kuyapima. Korea Kaskazini iliikamata tarehe 23 Januari 1968. Mtu mmoja aliuawa, na wengine 82 wakateswa kifungoni miezi 11. Mpima maji alipigwa sawa na mpelelezi, kwa sababu wakubwa wake walikuwa wamemfanya pazia.

Wala sisemi Marekani peke yake. Agosti 2022 Yuan Wang 5 ya China, meli ya kufuatilia makombora na setilaiti, ilitia nanga Hambantota, Sri Lanka, kwa jina hilohilo la utafiti. India ikang'aka. Mwisho wake Sri Lanka ikazizuia meli zote za utafiti za kigeni kwa mwaka mzima wa 2024. Mlango ukafungwa kwa wote, mpelelezi na mhesabu samaki pamoja.

Sisi wa pwani hii tunahusika. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari, uliotiwa saini 1982 na kuanza kufanya kazi 1994, unataka utafiti wa bahari uwe wa amani tu. Mgeni anayetaka kutafiti ndani ya maili zetu 200 apeleke maelezo miezi sita kabla. Tuna haki ya kumweka mtu wetu melini, na ya kupewa matokeo. Marekani hushikilia kwamba upimaji wa kijeshi si utafiti, kwa hiyo hauombewi ruhusa. Basi tuambiwe ni lipi: pakitafutwa sifa ni utafiti, pakitafutwa ruhusa si utafiti?

Nilimweleza mwalimu yote haya, nikaongeza kifungu kinachoniudhi kuliko vyote: nchi yenye pwani ikikaa kimya miezi minne tangu kupokea maelezo, kimya chake huhesabiwa kuwa ridhaa, na ile sita ikitimia mgeni anaanza kazi. Akakunja picha yake ya Titanic, akaitia ndani ya kitabu.

"Na hizo barua," akaniuliza, "ofisini anazihesabia siku nani?"

Sikuwa na jibu la kumpa.