Rungu Bila Ugali

Kuna kisingizio kimoja nimechoka nacho: ati Kenya haina sinema ya maana kwa sababu haina pesa. Utakisikia kwa maprodyuza, utakisikia kwa wakubwa wa serikali, utakisikia hata kwa wasee ambao hawajawahi kutazama filamu moja ya Kenya hadi mwisho. Pesa, kamera, studio. Wimbo ni huo huo.

Mimi niko Lubao, barabara ya kutoka Kakamega kwenda Webuye. Kama umewahi kusikia jina hili, ni kwa sababu ya mbwa. Tuna soko la mbwa, na kila baada ya muda kikosi cha televisheni kinashuka, kinapiga picha za mbwa waliofungwa kamba, kinamuuliza mzee fulani bei, kinacheka kidogo, kinapanda gari kinaenda. Hiyo ndiyo filamu ya Lubao: dakika tatu, kabla tu ya michezo.

Na msiniambie hakuna watazamaji. Ingia kibanda chochote cha video jioni ukatafute pa kukaa. Filamu yenyewe ni ya Hong Kong au ya Kihindi, lakini sauti ni ya DJ Afro, anaieleza upya kwa Kiswahili chake, anawabatiza mastaa majina ya mtaani, anamtania adui mpaka watu wanapiga magoti yao wakicheka. Watu wa benchi la mbao wanalipa ili wasikie lugha yao ndani ya sinema ya mtu mwingine. Sokoni, mtu akiona hivyo angejua la kufanya kesho yake.

Sasa niwapeleke mbali kidogo. Sikumaliza chuo, kwa hivyo hakuna profesa atakayeniuliza Lubao na Czechoslovakia zinahusiana vipi, lakini zinahusiana. Mwaka wa 1945, vita vikiwa vimeisha tu, nchi hiyo ilitaifisha sinema yake yote. Mwaka uliofuata ikafungua shule ya filamu jijini Prague, FAMU. Studio kubwa za Barrandov zilikuwepo tangu miaka ya 1930. Ikawa kijana akifuzu anaingia kazini kwa mshahara wa serikali. Hapo ndipo walipotokea Miloš Forman, Věra Chytilová, Jiří Menzel, na kwa upande wa Waslovakia Štefan Uher, ambaye *Slnko v sieti* yake ya 1962 wengi wanaihesabu kuwa mwanzo wa wimbi lote. Ndani ya miaka mitatu nchi hiyo ndogo ilibeba Oscar mbili za filamu ya lugha ya kigeni, ya *Obchod na korze* na ya *Ostře sledované vlaky*.

Halafu serikali hiyo hiyo ikawageuka. Agosti 1968 vifaru vya Kisovieti na washirika wake viliingia Prague, na baada ya hapo filamu zikaanza kufungiwa makabatini. *Skřivánci na niti* ya Menzel ilitengenezwa 1969, watu wakaiona 1990, na mwaka huo huo ikashinda Dubu wa Dhahabu kule Berlin. Miaka ishirini na moja kabatini! Dušan Hanák, Mslovakia, alipiga picha za wazee wa milimani katika *Obrazy starého sveta*, hakuna siasa hata kidogo, wazee tu na mikono yao, nayo ikafungiwa.

Kwa hivyo dola lile liliwalisha wasanii wake kisha likawapiga. Letu limeruka hatua ya kwanza. Sisi tumepewa rungu bila ugali.

Angalia rungu lenyewe. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Sura ya 222, iliandikwa 1962, kabla hata bendera yetu haijapandishwa. Mkoloni aliiandika akiogopa Waafrika wataonyeshana nini, na sisi tukairithi kama shamba la babu. Inasema ukitaka kutengeneza filamu ya kuonyeshwa watu lazima upate leseni, na ombi la leseni liende na maelezo ya filamu na maneno yatakayosemwa. Yaani kabla hujafungua kamera, afisa ameshasoma mzaha wako. Bodi ya filamu imewahi kusisitiza hadharani kwamba hata wa mtandaoni hawajaachwa nje. Tuna Kenya Film Commission tangu 2005, sawa, na KIMC imefundisha watu wengi kushika kamera, heshima kwao. Lakini uliza mwelekezi yeyote ni mkono gani wa serikali uliomfikia kwanza, ule wa kutoa au ule wa kuzuia.

*Stories of Our Lives* ilipigwa marufuku 2014. *Rafiki* ya Wanuri Kahiu, filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa Cannes, ikapigwa marufuku Aprili 2018, na Kahiu amesimulia kwamba bodi ilimtaka abadilishe mwisho, ulikuwa na matumaini kupita kiasi. Hebu soma hiyo tena polepole. Wasichana wawili wakiteseka mpaka mwisho, sawa. Wakibaki na tumaini, hapana. Septemba mwaka huo mahakama iliifungulia siku saba tu na kumbi zikajaa.

Mwaka wa 1967, mbunge mmoja wa Czechoslovakia alisimama kulalamikia *Sedmikrásky* ya Chytilová, filamu ya wasichana wawili wanaoamua kuharibu kila kitu kwa kuwa dunia yenyewe imeharibika. Kilichomuudhi ni chakula. Wasichana wanakanyagakanyaga karamu, na wakulima wetu wanahangaika! Nilicheka niliposoma hayo, kisha nikakumbuka Butere.

Butere iko kaunti yetu hii hii. Aprili 2025 wasichana wa Butere Girls walikuwa na igizo, *Echoes of War*, lililoandikwa na aliyekuwa seneta wa Kakamega, Cleophas Malala, kuhusu vijana na watawala katika ufalme wa kubuni. Likaondolewa mashindanoni. Mahakama Kuu ikaagiza waruhusiwe. Wakafika Nakuru kwenye tamasha la kitaifa, Malala akazuiliwa na polisi, na wao wakaletwa jukwaani bila hadhira. Wakaimba wimbo wa taifa, wakatoka. Nje, vitoa machozi. Kwa watoto wa shule, bana, na igizo la dakika chache! Ngũgĩ aliyaona hayo Kamĩrĩĩthũ mwaka wa 1977, leseni ya *Ngaahika Ndeenda* iliponyang'anywa, na kabla mwaka haujaisha akawa kizuizini. Karibu miaka hamsini, na bado tunaogopa jukwaa.

Lakini sitaki tuweke kila kitu kwa serikali kisha tulale. Wasanii nao wana kesi ya kujibu.

*Obchod na korze* ilipigwa picha Sabinov, mji mdogo wa mashariki mwa Slovakia, mji wa barabara moja kuu, kama hii yetu tu. Hadithi ni ya 1942, dola la Slovakia likiwa rafiki wa Hitler. Seremala mmoja maskini, Tóno, anapewa na shemeji yake duka la vifungo la bibi kizee Myahudi. Bibi hasikii vizuri, haelewi kwamba duka si lake tena. Tóno si mtu mbaya. Anampenda bibi. Na bado duka ameshachukua. Hitler humuoni mahali popote katika filamu hiyo, unamuona jirani.

Sasa niulize: nani anakaa leo katika duka ambalo mwenyewe alilikimbia Januari 2008? Kila mji wa magharibi na wa Bonde la Ufa una jibu, na kila mtu analijua, na tunanunua sukari hapo hapo. Judy Kibinge aliligusa jeraha hilo kwa *Something Necessary*, 2013, naye ninamvulia kofia. Lakini hata hiyo ilibidi ipitie warsha za One Fine Day, shirika la Berlin. *Soul Boy* vilevile, *Nairobi Half Life* vilevile, *Kati Kati* vilevile, *Supa Modo* vilevile. Sisemi Wajerumani wametukosea. Wametoa kile ambacho sisi hatukutoa. Ila anayelipa mpiga ngoma ana wimbo anaoupenda, hata asipousema. Forman alikuwa na prodyuza Mwitaliano, Carlo Ponti, ambaye alitazama *Hoří, má panenko* akachukia akadai pesa zake. Wafaransa wawili, Truffaut na Claude Berri, ndio waliomuokoa.

Na hiyo ndiyo filamu ninayotaka kila mwandishi wa Kenya aitazame wikendi hii. Ni ya 1967. Wazimamoto wa kujitolea katika mji mdogo wanaandaa dansi kumuenzi mwenyekiti wao wa zamani, mzee mgonjwa (nyanya zetu waliogopa wazimamoto kwa sababu zao, hiyo ni stori ya siku nyingine). Kuna bahati nasibu, na zawadi zinaibwa moja moja mezani huku kamati inalinda. Nyumba ya mzee mwingine inaungua, wanashindwa kuizima, wanamkusanyia tiketi za bahati nasibu ambayo zawadi zake hazipo tena. Taa zinazimwa ili wezi warudishe vitu kwa siri. Anayeshikwa ni yule mmoja aliyekuwa anarudisha, na wenzake wanamgombeza kwa kuaibisha kikosi. Waigizaji wengi walikuwa wazimamoto wenyewe wa mji wa Vrchlabí.

Kama umewahi kukaa kwenye harambee yetu, na MCA amechelewa saa tatu, na mbuzi wa mnada ameuzwa mara nne, na mweka hazina hapatikani kwa simu, unajua hiyo filamu ingepigwa hapa kwa wiki mbili. Wazee wetu wangejiigiza bila mazoezi. Haihitaji Barrandov.

Lakini tazama tunachotengeneza. *Nairobi Half Life* ninaipenda, na Mwas, muuza DVD anayeigiza sinema barabarani ili auze, ni mtu ninayemjua kabisa. Ila kijijini kwake tunakaa dakika chache tu, kisha basi linaondoka na kamera inaondoka nalo. Mashambani kwetu ni mahali pa kutokea. Au pa kuugulia. Kahiu amelalamikia kwa miaka sinema ya Afrika inayoishi kwa vita, ukimwi na umaskini, na ninakubaliana naye, lakini dawa yake ya rangi na raha haiponyi ugonjwa huu. Sisi tunaogopa kucheka ubaya wetu mdogo mdogo: wizi wa kilo mbili za sukari, uongo wa kamati, uoga wa chifu mbele ya DCC. Tunaona ni aibu ya nyumbani, isitoke nje.

Kwa hivyo madai yangu ni mawili. Wabunge waifute hiyo sehemu ya Sura ya 222 inayotaka skripti kabla ya kamera. Wakitaka kuainisha filamu kwa umri wa watoto, waainishe ikishatengenezwa. Na waandishi wa Nairobi wanaosubiri warsha ya mwakani wapande basi usiku, waje na simu na tripodi. Chai tutawapa.

Kuna kijana wa bodaboda hapa stejini, anarekodi vichekesho na wenzake. Ile ya mwisho ni ya kamati ya mazishi inayokula pesa za jeneza, na marehemu anaigizwa na msee mrefu kiasi kwamba miguu inatokeza nje. Nimeitazama mara sita. Hajui kwamba kisheria alipaswa kuomba leseni na kupeleka maneno yake yasomwe kwanza. Mimi sitamwambia.