Mtoto na lugha yake ya peke yake

Mama, leo tuongee lugha. Mwaka 1882 pale Jerusalem alizaliwa mtoto ambaye baadaye alijulikana kama Itamar Ben-Avi. Baba yake, Eliezer Ben-Yehuda, alitaka Kiebrania, lugha iliyokuwa imebaki zaidi kwenye sala na vitabu, kirudi kuongelewa nyumbani. Akaamua mtoto asisikie lugha nyingine yoyote. Sasa acheze na nani? Watoto wa jirani hawakucheza kwa Kiebrania. Itamar mwenyewe alikuja kusimulia kwamba siku moja mama yake, Devora, alimbembeleza kwa wimbo wa Kirusi, baba akaingia, akawaka. Jamani, hata kumbembeleza mwanao kwa lugha yako ni kosa? Mtoto alichelewa sana kuongea.

Ni kweli Kiebrania kilifufuka, leo kina wasemaji mamilioni, na Itamar akawa mwandishi wa habari. Watu humsifia baba. Mimi nesi, jicho langu liko kwa mtoto.

Na huku kwetu wapo. Mtoto ni Kiingereza tu, geti limefungwa, bibi akija kutoka kijijini anaambiwa asimsemeshe, eti atamchanganya. Hamchanganyi! Lugha mbili hazimcheleweshi mtoto kuongea. Kiingereza mpe, sawa, ila bibi mwache amwimbie Kihehe chake, na mtoto atoke akacheze na wenzake. Akifika miaka 2 bado haunganishi hata maneno mawili, usikae unasubiri, mlete hospitali, masikio yapimwe kwanza.